Ametishia kukuua? Namna ya kuomba amri ya ulinzi mahakamani Kenya

Amri ya ulinzi ni agizo la mahakama linalomkataza mtu kukutisha au kukukaribia. Somo hili ni la yeyote anayetishwa na mtu wa karibu: mume, mke, mchumba wa zamani, ndugu, mzazi mwenza. Sheria ya mwaka 2015 ya kuwakinga watu dhidi ya unyanyasaji wa nyumbani haikungoji upigwe kwanza. Vitisho, kufuatwafuatwa na kuharibiwa mali vyote vimo ndani yake. Kama yuko mlangoni sasa hivi, wacha kusoma, piga 999 au 112.

Hatua ya 1: Polisi. Ripoti, na usitoke kituoni bila nambari ya OB (kitabu cha polisi cha kuandikia matukio). Unaweza kuomba taarifa yako ichukuliwe na afisa wa jinsia yako. Ukiambiwa "hayo ni ya nyumbani, nendeni mkaelewane", muone OCS, yaani mkuu wa kituo. Kutishia kuua ni jinai, na kifungo chake hufika miaka 10.

Hatua ya 2: Ushahidi. Usifute ujumbe wowote, hata ule uliomjibu kwa hasira. Kama umeumizwa, chukua fomu ya P3, ile ya polisi ambayo daktari hujaza kuhusu majeraha yako.

Hatua ya 3: Hati ya kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi unayoapa kuwa ni kweli. Hapa ndipo wengi hukwama. Wanaandika "amenitesa kwa muda mrefu", na hakimu hana pa kushika. Andika siku, mahali, na maneno yenyewe alivyoyatamka, hata yakiwa ya aibu: "Jumapili usiku alisimama mlangoni na panga, akasema sitafika asubuhi." Kisha taja unachotaka: asikanyage nyumbani, kazini kwako wala shuleni kwa watoto, asikupigie simu. Wasilisha ombi kwenye mahakama ya hakimu chini ya hati ya dharura (inayoomba ombi lisikilizwe haraka), uombe amri ya ulinzi ya muda. Hakimu anaweza kuitoa kabla ya kumsikiliza anayekutisha.

Hatua ya 4: Ukishapewa amri. Tafadhali msilale hapa. Nimemsindikiza mama aliyepata amri yake asubuhi akaifungia kabatini. Mtu yule aliporudi usiku, afisa wa zamu hakuwa na habari kwamba kuna amri, na dakika za thamani zikapotea kwa maelezo. Peleka nakala kituo ulichoripoti na kile kilicho karibu na unapolala, iandikwe kwenye OB. Piga picha amri hiyo, ikae kwenye simu yako na ya jirani unayemwamini. Usimkabidhi mtishaji mwenyewe kwa mkono wako. Apelekewe na mtu wa kupeleka hati za mahakama au polisi. Akiikiuka, adhabu ni faini isiyozidi shilingi 100,000, au kifungo kisichozidi miezi 12, au vyote viwili.

Maswali ya wanachama

*Mimi ni mwanamume, anayenitisha ni mke wangu. Nitachekwa?*
Ndugu yangu, sheria haichagui jinsia. Nenda na ushahidi wako kama mwingine yeyote.

*Anayenitisha ni jirani, tunagombania mpaka wa shamba.*
Sheria hii haimgusi, labda awe wa familia. Ripoti polisi, na uulizie dhamana ya kudumisha amani, yaani ahadi rasmi mahakamani kwamba hatavunja amani: hakimu anaweza kumwamuru aitoe kwa muda usiozidi mwaka 1.

*Nimehama na hajui niliko. Je, atanijua kupitia karatasi za korti?*
Dada, anaweza, kwa sababu hati yako ya kiapo atapewa nakala. Usiandike humo mtaa mpya wala shule mpya ya watoto. Mweleze karani hofu yako kabla hujawasilisha chochote. Ukitaka mtu wa kukuongoza, piga 1195, laini ya wanaokabiliwa na ukatili wa kijinsia.