Kujaza nafasi katika mtihani wa GRE: anza na sentensi, si na majibu

Kila aliyepita shule ya msingi anaifahamu amri ya "jaza nafasi zilizoachwa wazi", na huenda ndiyo sababu wengi wa wanafunzi ninaowaandaa kwa GRE, mtihani wa shirika la ETS la Marekani unaotumiwa na vyuo vikuu vingi kuwachuja waombaji wa shahada za uzamili na uzamivu, hulidharau swali la aina hii hadi waone alama za jaribio lao la kwanza.

Hatua ya kwanza ni kujua umbo la mtihani. Tangu Septemba 2023 sehemu ya lugha ina vipindi viwili: maswali 12 kwa dakika 18, kisha maswali 15 kwa dakika 23, na ugumu wa kipindi cha pili hutegemea ulivyofanya katika cha kwanza. Nafasi ikiwa moja, unapewa majibu matano, isipokuwa katika aina ya majibu sita nitakayoieleza katika hatua ya nne. Zikiwa mbili au tatu, kila moja ina majibu matatu, na ukikosea moja umekosa swali zima. Jibu lisilo sahihi halipunguzi alama, kwa hiyo usiache swali lolote bila kulijibu.

Hatua ya pili, ambayo ndiyo moyo wa kazi yote, ni kuyafunika majibu kwa mkono na kuweka neno lako mwenyewe. Mtihani ni wa Kiingereza, lakini mimi huanza kwa Kiswahili ili ugumu wa msamiati usiufiche ugumu wa mantiki. Tazama sentensi hii: "Ingawa mzee huyo alifahamika kwa ____ wake, jioni ile alizungumza bila kupumzika hadi wageni wakaanza kusinzia." Hakuna anayehitaji majibu ili aandike "ukimya", kwa sababu "ingawa" limekwisha kutangaza kinyume, na maneno yaliyofuata yametaja kinyume hicho ni cha nini. Katika Kiingereza, kazi hiyo hufanywa na maneno kama "although", "despite" na "because", na pia na nuktapacha, ambayo mara nyingi hutanguliza ufafanuzi wa kilichotangulia. Andika neno lako, hata likiwa la kawaida mno, ndipo uyafunue majibu na kutafuta linalokaribiana nalo.

Hatua ya tatu ni ya maswali yenye nafasi zaidi ya moja: usilazimike kuanza na ya kwanza. "Wahakiki walitarajia kitabu (i) ____, lakini walichokipata kilikuwa (ii) ____: kila sura ilirudia yaliyokwisha kusemwa." Hapa nafasi ya pili ndiyo yenye ushahidi, yaani kitabu kisicho na jipya, nayo ya kwanza hujazwa kwa kuigeuza.

Hatua ya nne inahusu maswali ya nafasi moja yenye majibu sita, ambapo unatakiwa kuchagua mawili yanayoipa sentensi maana ileile. "Maelezo ya daktari kwamba kidonda hakina hatari ____ mama wa mtoto": yalimtuliza, yalimliwaza, yalimkasirisha, yalimghadhabisha, yalimshangaza, yalimchosha. Kukasirisha na kughadhabisha ni jozi safi, lakini sentensi haiitaki. Kushangaza kunaweza kuingia, lakini hakuna mwenzake. Anayewinda visawe bila kurudi kwenye sentensi ndiye anayenaswa hapa.

Kuhusu msamiati, sina imani na kukariri orodha ndefu zenye tafsiri ya neno moja moja. Mwangalifu wa fedha na bahili wote hawatumii ovyo, lakini mmoja anasifiwa na mwingine anatukanwa, na tofauti ya namna hiyo huonekana ndani ya sentensi tu. Kwa hiyo andika kila neno jipya pamoja na sentensi ulimolikuta, na uyape nafasi ya pekee maneno unayodhani unayajua: "qualify" likiwa na maana ya kuiwekea kauli mipaka, "want" likiwa na maana ya upungufu, "temper" likiwa na maana ya kupunguza makali.

Mwisho, weka daftari la makosa linalotenganisha neno usilolijua na kiunganishi usichokiona, maana kosa la pili halitibiwi kwa msamiati. ETS hutoa bila malipo majaribio mawili kamili ya PowerPrep. Fanya la kwanza mapema, na la pili lihifadhi hadi wiki moja kabla ya mtihani, ukilifanya kwa saa ileile utakayoingia chumbani.