Kabla Hujapanda Kigari cha Umeme Roma: Mambo ya Kuzingatia

Wengi wanaokodi kigari cha umeme kisicho na milango na mwongoza watalii wao wenyewe mjini Roma wanafanya hivyo kwa ajili ya mtu mmoja: mama mwenye magoti mabovu, mjomba aliyetoka kufanyiwa upasuaji, au mtoto wa miaka minne asiyetaka kutembea. Inauma kuona mtu huyohuyo ndiye anayerudi hotelini amechoka kuliko wote, na pesa imeshaliwa. Karibu kila mara chanzo ni maswali ambayo hayakuulizwa kabla ya kulipia.

Anza na viti. Kigari kinachotangazwa kuwa cha watu sita mara nyingi kinamhesabu dereva, kwa hiyo abiria ni watano. Uliza pia viti vya nyuma vinatazama wapi. Vingi vinatazama kinyumenyume, na anayekaa huko anaona kitu baada ya kukipita, hasikii maelezo, na akiwa mwepesi wa kichefuchefu ataumwa. Usimweke mzee huko. Mtoto naye asikae pembeni pasipo na mlango: ulizia mkanda na kiti chake kabla, maana asubuhi ya safari hakitapatikana.

Saa. Vocha (karatasi ya kuthibitisha ziara uliyolipia) ikiandika 09:00 ni saa tatu asubuhi, ikiandika 15:00 ni saa tisa alasiri. Simu yako ikiwa bado inasoma saa za Nairobi au Dar, Roma iko nyuma kwa saa moja majira ya joto na saa mbili majira ya baridi. Hakikisha imebadilika. Na mahali pa kukutania paandikwe kwa jina la mtaa na namba ya jengo, kwa sababu hoteli zenye majina yanayofanana ni nyingi mno.

Sasa jambo kubwa, na hapa usisome haraka haraka.

Kigari hakifiki mlangoni. Katikati ya Roma kuna ukanda wa magari yenye kibali tu, unaoitwa ZTL, wenye kamera kwenye viingilio vyake. Kigari cha umeme chenye kibali kinapita pale ambapo gari la kawaida lingepigwa faini, na hiyo ndiyo faida yake kubwa. Lakini ndani ya ukanda huo kuna sehemu za watembea kwa miguu peke yao. Uwanja wa Piazza Navona ni mmoja. Mbele ya chemchemi ya Trevi ni hivyo hivyo. Dereva anasimama mtaa wa jirani, na kutoka hapo ni miguu yako, juu ya mawe meusi ya sampietrini, yale madogo ya mraba yaliyopangwa kwa mkono. Kati ya jiwe na jiwe kuna ufa, mengine yamezama, mengine yameinuka. Mwenye fimbo anaweza kuizamisha ncha yake kwenye ufa. Magurudumu madogo ya mbele ya kiti cha magurudumu yanakwama hapo, na anayesukuma asipokuwa mwangalifu anammwaga aliyekaa.

Ziara inayoharibika huharibika hivi. Kijana amelipia ziara ya muda wa saa tatu, vituo tisa. Mama ana miaka sabini na kitu, na ameambiwa, "Utakaa tu, utaonyeshwa." Kituo cha kwanza ni Trevi: wanashuka, wanasukumana na umati mtaani, na kufika ukingoni mwa maji kuna ngazi za kushuka. Mama anashuka, anarusha sarafu yake, anapanda tena ameshika ukuta. Kituo cha pili ni hekalu la kale la Pantheon, matembezi mengine ya kwenda na kurudi. Wakifika Piazza Navona mama anasema nendeni, mimi nabaki kwenye gari. Na hapo tatizo linajitokeza: dereva ndiye mwongoza watalii. Akiongozana na familia, kigari kinabaki peke yake na mama ndani, mahali ambapo hakiruhusiwi kusimama muda mrefu. Akibaki na mama, familia inatembea bila maelezo waliyoyalipia. Polisi wa manispaa anapita, anamwashiria aondoke, naye anazunguka mitaa na mama huku watoto wanapiga simu kumtafuta. Dakika ishirini zinapotea. Vituo vinne vya mwisho vinakuwa vya kupitwa mbio.

Kwa hiyo swali la kwanza la kumwuliza anayekuuzia ziara ni hili: nani anabaki na kigari tukishuka? Jibu likiwa "dereva ndiye anayewaongoza", fahamu kwamba lazima aegeshe kihalali, na maegesho halali kwa kawaida yako mbali zaidi. Wakiwa watu wawili, dereva na mwongozaji, dereva anawashusha karibu kadiri inavyoruhusiwa, anaondoka, kisha anawachukua upande wa pili, hivyo hamrudi njia mliyokuja nayo. Asiyetaka kushuka anabaki na mtu. Bei inapanda, ndiyo, lakini kama mnasafiri na mzee au mgonjwa, punguzeni saa moja ya ziara ili mmpate mtu wa pili. Inalipa kuliko kuongeza vituo.

Swali la pili: kwenye orodha hii, ni vituo vipi tunaviona bila kushuka? Roma ina vingi, na ndivyo kigari kinavyovifikia vizuri kuliko chombo kingine. Mlima Gianicolo unaona mji wote, na kila siku saa sita kamili mchana hupigwa mzinga hapo. Chini yake kidogo iko chemchemi kubwa ya Acqua Paola, na barabara inapita mbele yake. Kwenye kilima cha Aventino, ambacho kwa miguu kinachosha, mnafikishwa hadi Bustani ya Michungwa. Nyuma ya kilima cha Campidoglio kuna mahali pa kutazama kutoka juu magofu ya Foro, kitovu cha Roma ya kale. Ngazi za Piazza di Spagna ziko zaidi ya 130. Mwambie dereva awapeleke juu, kwenye kanisa la Trinità dei Monti, muone ngazi na mji chini yenu bila kupanda hata moja. (Kukaa kwenye ngazi hizo kumekatazwa tangu 2019, na faini yaweza kufika euro 400. Askari wanapiga filimbi, hawatanii.)

Mkipita uwanja wa kale wa Circo Massimo, mwombeni apunguze mwendo pale Piazza di Porta Capena, mbele ya makao makuu ya FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa. Ndipo iliposimamishwa nguzo ya Aksum ambayo majeshi ya Italia yaliitwaa Ethiopia mwaka 1937. Ilirudishwa kwao 2005, na 2008 ikasimamishwa tena Aksum. Waongozaji wengi hawapataji kama hukuuliza, na kwa mgeni kutoka Afrika Mashariki ni kituo chenye uzito, tena kinaonekana ukiwa umekaa.

Kwa ziara ya muda wa saa tatu, kushuka mara tatu au nne kunatosha. Orodha ya vituo kumi na mbili ni ya kuuzia tu.

Betri. Vigari vingi vinatumia betri za asidi na risasi au za lithiamu. Za asidi huchajiwa kwa saa sita hadi nane, kwa hiyo kigari kilichopiga ziara ya asubuhi kikaunganishwa umeme kwa saa moja ya chakula cha mchana, ziara ya alasiri kitaianza betri ikiwa haijajaa. Mzigo kamili na milima ndivyo vinavyoimaliza haraka. Dalili yake ni kigari kuzidi kupungua mwendo kikipanda Gianicolo au Aventino, hadi watembea kwa miguu wanakipita. Uliza betri ni ya aina gani na kama kigari kitakuwa kimetoka kazini. Ukipewa nafasi ya kuchagua, chukua ziara ya kwanza ya siku na omba milima itangulie, katikati ya mji ifuatie.

Tiketi haziko ndani ya bei ya kigari mpaka uandikiwe kwamba zimo. Colosseo, ule uwanja mkubwa wa mapambano wa Roma ya kale, inatoa tiketi zenye jina la mtu, na mlangoni jina linalinganishwa na kitambulisho, kwa hiyo liandikwe kama lilivyo kwenye pasipoti, si jina unaloitwa nyumbani. Saa iliyoandikwa ni saa ya kuingia. Dereva akichelewa kwa foleni ya magari, tiketi yako haimhusu mlinzi. Pantheon nayo inatozwa kiingilio tangu 2023. Basilika la Mtakatifu Petro halina kiingilio, lakini foleni ya ukaguzi yaweza kula zaidi ya saa nzima mchana. Usiliweke ndani ya ziara ya kigari. Kigari hakiingii uwanjani, na utakuwa unalipia dereva asubiri. Liwekee asubuhi yake, na nguo ya kufunika mabega na magoti.

Angalia kalenda. Jumatano asubuhi Papa akiwepo kuna katekesi ya hadhara, Jumapili saa sita mchana kuna sala ya Malaika wa Bwana, na barabara za upande wa Vatikani hujaa au hufungwa. Tarehe 2 Juni gwaride la Jamhuri hupita Via dei Fori Imperiali, barabara ileile ya kwenda Colosseo. Mbio za marathoni hufanyika Machi. Jumapili ya kwanza ya mwezi makumbusho ya serikali huwa bure, na foleni huwa ndefu ajabu. Tarehe 25 Desemba na 1 Januari Colosseo kwa kawaida hufungwa.

Mwongoza watalii awe na kibali, na kitambulisho chake akionyeshe. Italia ina sheria ya kazi hiyo, namba 190 ya mwaka 2023. Dereva mwenye maneno mengi hana ruhusa ya kuwaongoza ndani ya Colosseo.

Mvua: uliza kama kigari kina mapazia ya plastiki ya pembeni. Yakishushwa yanazuia maji lakini yanapata ukungu na hamuoni kitu, basi beba kitambaa cha kufutia. Sampietrini zikilowa zinateleza; viatu viwe vya soli ya mpira yenye meno, si kandambili wala visigino. Hata ndani ya Pantheon sakafu hulowa, kwa sababu tundu la kubani, lenye upana wa karibu mita 9, liko wazi. Julai na Agosti epuka saa sita hadi saa kumi: paa linazuia jua lakini joto la mawe linapanda kutoka chini. Beba chupa tupu. Mitaani kuna mabomba ya chuma yanayoitwa nasoni, maji yake ni salama na bure. Ziba mdomo wa bomba kwa kidole, maji yataruka juu kupitia kitundu kidogo, unakunywa bila kuinama.

Choo ni cha kutafutwa, si cha kukutana nacho. Nunueni kahawa kwenye baa kabla ya kuondoka, kila mtu aende.

Mkoba usiwekwe kwenye kiti cha pembeni wala miguuni upande wa barabara. Kigari hakina milango, kinasimama kwenye taa, na pikipiki inapita karibu kabisa. Mkanda wa mkoba uvukishwe kifuani, simu ishikwe kwa mikono miwili au ikae mfukoni ndani. Pasipoti ikishamaliza kazi ya Colosseo irudi chini ya nguo. Miguu na viwiko vikae ndani, hasa mitaa ya Trastevere ambako magari yameegeshwa pande zote mbili, na kofia ifungwe kidevuni, kwa sababu dereva hawezi kurudi nyuma kuifuata kwenye mtaa wa njia moja.