Resident Evil ya Kasha Refu: Kagua Hivi Kabla ya Kulipa

Gemu ya Resident Evil ilitoka kwenye PlayStation mwaka 1996, na nakala za kwanza za Marekani ziliuzwa katika kasha refu, refu kuliko kasha la kawaida la sidi. Baadaye gemu ilihamia kasha la kawaida. Wakusanyaji wanatafuta lile refu.

Anza na namba iliyo kwenye diski: SLUS-00170. Ukiona SLUS-00551, hilo ni toleo la Director's Cut la 1997. SLUS-00747 ni toleo la Dual Shock la 1998. Ya Japani huitwa Biohazard, SLPS-00222. Lakini usiridhike mapema, kwa sababu nakala ya kasha refu na ya kasha la kawaida zina namba ileile. Diski halisi haithibitishi kasha, na hapo ndipo wanunuzi wengi hupigwa: diski ya kweli, kasha la gemu nyingine, karatasi ya jalada iliyochapishwa juzi.

Kwa hiyo omba picha za karatasi ya mbele na ya nyuma zikiwa nje ya kasha. Ukiishika mkononi, itazame kwa lenzi ya kukuza mara 10. Chapa ya kiwandani huonyesha vidoti vya rangi vilivyopangwa kwa mpangilio mmoja, na maandishi madogo meusi huwa na kingo kali. Printa ya nyumbani hutawanya vidoti ovyo na kingo za herufi hufifia.

Geuza diski. Upande wa chini wa diski ya PlayStation ni mweusi, ila weusi peke yake hautoshi, maana diski tupu nyeusi za kurekodia zipo. Angalia duara la ndani karibu na tundu: diski ya kiwandani ina namba zilizogandamizwa humo. Iliyorekodiwa mara nyingi huonyesha mikanda miwili ya kivuli tofauti, mahali data ilipoishia.

Nakala iliyofungwa kwa nailoni ni ngumu zaidi, kwani huwezi kuona diski wala kijitabu. Nailoni hufungwa upya kirahisi; usilipe bei ya nakala mpya bila picha za karibu za mikunjo na viungio vya pande zote.

Ukitaka kuicheza, kumbuka diski ya Marekani haichezi kwenye konsoli ya Ulaya au ya Japani ambayo haijafanyiwa marekebisho. Ikigoma humo, si lazima iwe mbovu.