Ukimtambua mvamizi usiku: cha kuwaeleza polisi

Nyumba imevamiwa usiku, Ngamiani au Makorora mjini Tanga, na una hakika umemjua mmoja wao. Mtaje kwa mtu wa kwanza atakayekuja kukusaidia, awe jirani au mwenyekiti wa mtaa, kisha kwa polisi. Usingoje. Katika kesi ya Marwa Wangiti Mwita (2002), Mahakama ya Rufani ilisema shahidi anayemtaja mtuhumiwa mapema huaminika zaidi. Anayechelewa bila sababu hutiliwa shaka. Kama hofu ndiyo iliyokunyamazisha, ieleze.

Polisi wakianza kuandika maelezo yako, usiishie kusema "nilimwona, taa ilikuwa inawaka". Maneno hayo matupu yameangusha kesi nyingi. Tangu kesi ya Waziri Amani, mwaka 1980, mahakama hutaka kujua ulimtazama kwa muda gani, mkiwa umbali gani, mwanga ulikuwaje, na kama ulikuwa ukimfahamu kabla.

Mwanga ueleze kwa kirefu kuliko yote. Ilikuwa balbu au koroboi? Ilikuwa sebuleni au uani, na iliangaza eneo kubwa kiasi gani? Uso wake ulielekea taa, au aliipa mgongo? Tochi aliyoishika mvamizi haikusaidii sana, maana aliyemulikwa ni wewe. Umbali nao, "karibu" haipimiki, taja hatua.

Ukisema unamfahamu, eleza tangu lini, mnakutana wapi na mtaani anaitwa nani. Hata mtu unayemjua unaweza kumfananisha.

Kama ni mgeni kwako, toa wasifu wake kabla hajakamatwa: urefu, umbo, mavazi, kovu. Baadaye litaandaliwa gwaride la utambuzi, yaani mtuhumiwa atapangwa mstari na watu wasiopungua 8 wanaofanana naye kwa umbo, nawe umtambue kati yao. Ukionyeshwa picha yake au ukimwona kituoni kabla ya gwaride, gwaride hilo halina maana tena. Kumnyooshea kidole kwa mara ya kwanza akiwa kizimbani hakuna uzito wowote wa maana.

Ibara ya 13(6)(b) ya Katiba inamhesabu mshtakiwa kuwa hana kosa hadi ithibitike analo, kwa hiyo shaka ikibaki, anaachiwa. Ndiyo maana usitie sahihi kabla ya kusomewa maelezo yako neno kwa neno na kusahihisha yaliyokosewa, kwani wakili wa utetezi atayalinganisha na utakayosema mahakamani. Kama hukuona viatu vyake, iandikwe kwamba hukuviona.