Umepitiwa na muda wa rufaa ya ardhi? Namna ya kuomba kuongezewa muda

Mwongozo huu ni wa Tanzania, kwa aliyeshindwa shauri lililoanzia Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, kisha siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu zikampita. Usikimbilie kusajili rufaa yenyewe. Ikiwa nje ya muda haitasikilizwa, na utakuwa umejiongezea siku za kuzitolea maelezo. Yanatangulia maombi ya kuongezewa muda.

Hatua ya 1: Hakikisha kweli umechelewa. Siku ya hukumu haihesabiwi. Jumamosi na Jumapili zimo. Hukumu ya tarehe 3 Machi, mwisho wake ni 17 Aprili. Siku ulizosubiri nakala ya hukumu zinaweza kuondolewa kwenye hesabu, hivyo tafuta barua yako ya kuiomba, yenye muhuri wa kupokelewa.

Hatua ya 2: Andika kalenda ya siku ulizochelewa. Hapa ndipo wengi wanapoanguka. Katika shauri la Bushiri Hassan dhidi ya Latifa Lukio Mashayo, Mahakama ya Rufani ilisema hata siku moja ya kuchelewa lazima ielezwe. Tuseme ulilazwa 10 Aprili, ukaruhusiwa 9 Mei, ukaleta maombi 26 Mei. Fomu ya hospitali inakulinda hadi tarehe 9. Je, kuanzia 10 hadi 25 Mei? Hizo ni siku 16, na wakili wa upande wa pili ataanzia hapo hapo. Andika kila kipindi: daktari alikuandikia mapumziko mpaka lini, nakala ulizifuata lini, wakili ulimwona lini, kiapo (maelezo yako ya maandishi unayoapa kuwa ni ya kweli) kiliandaliwa siku ngapi. Pembeni ya kila mstari weka karatasi inayouthibitisha.

"Sikujua sheria" haitakufikisha mbali. "Wakili wangu alizembea" nayo kwa kawaida hukataliwa (nalisema nikiwa wakili, kwa aibu kidogo).

Hatua ya 3: Geuza kalenda iwe kiapo. Kiapo kinabeba mambo unayoyajua mwenyewe, si hoja za kisheria wala malalamiko kuhusu hukumu. Ukimtaja mwanao kwamba ndiye aliyefuatilia nakala, naye aape kiapo chake. Bila hicho, maneno hayo ni ya kusikia tu. Apa mbele ya Kamishna wa Viapo, yaani mtu mwenye mamlaka ya kisheria ya kuapisha, na uangalie mahali na tarehe ya kuapa vimejazwa.

Hatua ya 4: Angalia kama hukumu ina kasoro ya kisheria. Shauri la Lyamuya Construction, linalotajwa karibu katika kila maombi ya aina hii, linataka ueleze muda wote, ucheleweshaji usipite kiasi, na uonyeshe bidii. Linaacha pia mlango mwingine: uvunjifu wa sheria ndani ya uamuzi wenyewe, mfano baraza kukosa mamlaka au wewe kunyimwa haki ya kusikilizwa. Lakini uvunjifu huo uonekane waziwazi kwenye kumbukumbu za shauri, usihitaji hoja ndefu kuuchimbua. Kama upo, uandike ndani ya kiapo. Usiusubirishe hadi siku ya kusikilizwa.

Hatua ya 5: Sajili hati ya maombi pamoja na kiapo kwenye mfumo wa kielektroniki wa Mahakama, lipa ada, mpelekee mjibu maombi (upande wa pili) nakala. Akileta kiapo kinzani, yaani kiapo cha kupinga chako, kisome ukiwa na kalenda yako mkononi.

Ukikubaliwa, amri itataja siku za kuwasilisha rufaa. Anza kuzihesabu jioni hiyo hiyo, kwa sababu ukizipitisha utarudi hatua ya 2 ukiwa na kalenda ndefu zaidi.