Kurudishiwa pikipiki iliyoshikwa kama kielelezo Uganda

Kabla ya kwenda kokote, pata namba mbili: ya CRB, yaani ile ambayo polisi waliisajilia kesi, na ile ambayo pikipiki iliandikiwa kwenye rejesta ya vielelezo kituoni. Bila hizo utazungushwa.

Kama hakuna aliyefikishwa mahakamani, anza kwa barua kwa mkuu wa kituo, nakala kwa mwanasheria wa serikali anayeshika faili. Kesi ikishafunguliwa, polisi hawana tena uamuzi. Omba kwa hakimu, ukiambatanisha hati ya kiapo, kadi ya pikipiki na mkataba wa mauziano. Pendekeza mwenyewe kwamba kielelezo kipigwe picha na urudishiwe kwa bondi, ukiahidi kukileta kikihitajika.

Maombi mengi hukwama kwenye kadi. Umenunua, umelipa, lakini jina bado ni la muuzaji. Mlete aape pia. Linganisha namba ya chesisi na kadi, herufi kwa herufi. Tarakimu moja ikipishana, mwendesha mashtaka atapinga. Na akitokea mdai mwingine, hakimu aweza kuwaambia mkashtakiane kesi ya madai kwanza.

Mshtakiwa kuachiwa huru hakufungui geti la kituo. Mwambie hakimu aitaje pikipiki kwa namba ndani ya amri yake, kisha chukua nakala yenye muhuri. Rufaa ya jinai ina siku 14, hivyo usishangae ukiambiwa usubiri ziishe. Ukikabidhiwa, kagua betri na vioo kabla ya kusaini.