Namna ya Kutumia Uhakiki katika Kuifasiri Filamu

Itazame filamu kwanza, ndipo usome uhakiki wake, kwa kuwa anayetanguliza uhakiki huitazama filamu kwa macho ya mwenzake na baadaye hawezi kupambanua aliyoyaona na aliyoambiwa. Andika mahali ulipotatizika. Hapo ndipo mhakiki atakapokufaa.

Unaposoma, tenganisha hukumu na hoja. Kusema kwamba filamu ni nzuri au mbovu ni hukumu, nayo, pamoja na nyota zake za kupimia ubora, haisaidii kufasiri chochote. Hoja ni dai unaloweza kulipima kwa kuirudia filamu yenyewe.

Chukua mfano wa Vertigo, filamu ya mwongozaji Alfred Hitchcock, iliyotoka mwaka 1958 (asiyeitazama bado na aishie hapa kwanza). Scottie, mpelelezi aliyeacha kazi ya polisi kwa hofu ya mahali pa juu, anamfuatilia mwanamke mjini San Francisco, na baada ya kumpoteza anamshurutisha mwingine, Judy, avae na atengeneze nywele kama yule wa kwanza. Katika makala yake ya mwaka 1975, mhakiki wa filamu Laura Mulvey alidai kwamba sinema ya Hollywood humfanya mtazamaji aone kwa macho ya mwanamume, huku mwanamke akibaki kuwa wa kutazamwa, na Vertigo ni miongoni mwa mifano yake.

Dai hilo linapimika. Tazama tena sehemu ambazo Scottie anafuatilia kwa gari, uone ni mara ngapi kamera inatuonyesha kile tu anachokiona yeye. Kisha nenda hadi pale Judy anapokumbuka yaliyopita na kuandika barua, nasi tukaijua siri kabla ya Scottie, kwamba Judy ndiye yule yule mwanamke wa kwanza. Mulvey alikiri kwamba kumbukumbu hiyo ya Judy ni ya pekee, lakini kwa maoni yangu ina uzito mkubwa kuliko aliompa, kwani tangu hapo kila Scottie anapong'ang'ania Judy avae suti ya kijivu kama ya yule wa kwanza, maumivu tunayoyafuata ni ya Judy.

Angalia pia mwaka wa uhakiki. Vertigo ilipotoka ilipokewa kwa maoni mchanganyiko. Katika kura ya filamu bora ya jarida la filamu la Uingereza, Sight and Sound, inayopigwa kila baada ya miaka 10, iliingia kumi bora mwaka 1982 na kushika nafasi ya kwanza mwaka 2012. Kwa hiyo soma angalau wahakiki wawili wa vipindi tofauti, kisha andika fasiri yako ukitaja onyesho mahususi kwa kila unalolidai.